Aliyepenya Kwenye Mti wa Süntel

Haya yalimpata mama mdogo wangu, Irmtraud, ambaye mumewe humwita Traudi, na mimi, binti niliyeishi kwao, nilikuwepo.

Siku yenyewe ilianza vizuri tu. Ilikuwa Jumamosi ya Oktoba. Mama mdogo alikuwa ametoa keki ya plamu motoni, na mumewe Eckhard amekaa dirishani kama kawaida yake tangu jiwe la machimboni limvunje nyonga. Bila mtu wa kumshika hakuweza hata kufika chooni. Heilwig, jirani yetu, alikuja kuomba mayai. Akamtazama Eckhard kwa muda, kisha akamvuta mama mdogo kando.

Nyuma ya kijiji chetu unapanda mlima wa Süntel, huku kwetu Ujerumani, msitu mtupu mpaka kwenye majabali. Juu kule kuna miti isiyojua kusimama wima. Inajinyonganyonga, matawi yanashuka chini, yanajiviringa na kuungana tena na shina. Heilwig alisema mmoja wao una tundu la kumpitisha mtu mzima. Mgonjwa apitishwe asubuhi, atokee upande wa pili, ugonjwa ubaki kwenye mti. Sharti lilikuwa moja: asiitwe jina lake mpaka miguu yote miwili iguse ardhi.

"Na akiitwa?" mama mdogo aliuliza.

"Wewe usimwite tu," Heilwig alisema.

Kesho yake tulimpandisha Eckhard, mimi bega hili, mama mdogo bega lile. Ukungu ulikuwa mzito. Njiani alitutania kwamba tunamkokota kama bwana harusi mlevi. Tulipoufikia mti tukamgeuza aelekee tundu.

Tulimwingiza kichwa, kisha mabega. Katikati akakwama. Akaguna kwa maumivu, halafu sauti ikakatika ghafla, na mama mdogo, bila kufikiri, akaita, "Eckhard!"

Mumewe akateleza, akatokea upande wa pili. Akasimama. Akatembea.

Mama mdogo alilia kwa furaha njia nzima. Mumewe alitutangulia kushuka, hatua ndefu ndefu, na hakugeuka nyuma hata mara moja.

Wiki zilizofuata alipasua kuni, akaziba paa, akalima bustani yote. Kijiji kizima kilikuja kumpa mkono. Ni mama mdogo tu aliyekuwa anakonda. Siku moja aliniita uani, akaninong'oneza kwamba lile kovu la Eckhard, lililokuwa kwenye shavu la kushoto, sasa liko kwenye la kulia. Nilimwambia amechoka, akapumzike. Nikaingia ndani kumtazama mwenyewe.

Lilikuwa kwenye shavu la kulia.

Kisha ukungu ukashuka tena. Tulikuwa mezani mchana, sote watatu. Kutoka mlimani ikaja sauti ya mwanamume, ya mbali, imechoka.

"Traudi. Nimekwama."

Ilikuwa sauti ya Eckhard. Na Eckhard alikuwa mbele yetu, anakunywa supu ya viazi. Hakuinua macho.

"Funga dirisha, Traudi," alisema. "Baridi inaingia."

Tangu hapo, kila ukungu uliposhuka, mama mdogo alipanda. Aliniambia haoni mtu. Sauti inatoka ndani ya shina lenyewe, na kila mara inazidi kufifia. Akiweka kiganja kwenye gome, linapumua.

Mwanzoni mwa Desemba alimkabili yule aliyekuwa nyumbani. Nilikuwa nao jikoni. Alimwambia taratibu kwamba anamtaka mume wake. Yule mtu aliweka kikombe chini. Hakukasirika.

"Yule hajiwezi, Traudi. Mimi natembea. Kuna siku nimekukosea?"

"Hapana."

"Sasa unamtakia nini?"

"Yule ndiye wangu."

Kuni zililia jikoni. Kisha akasimama, akachukua koti lake. "Basi twende," alisema. "Ila huyu binti abaki."

Nilibaki. Sijawahi kungoja vile. Jua likielekea kuzama, walishuka: mama mdogo, na begani kwake Eckhard anayeburuta mguu, amebaki mifupa, ndevu zimeota ukijani kama jiwe la mtoni. Kovu lilikuwa kushoto. Aliponiona alilia. Nilimuuliza alikuwa wapi. Akasema palikuwa pembamba, basi, na hakutaka kuulizwa tena.

Usiku ule theluji ya kwanza ilianguka. Asubuhi nilimwacha mama mdogo akimlisha mumewe uji, nikapanda kuuona ule mti. Tundu lilikuwa limeziba. Tawi na shina vimekuwa kitu kimoja, kama havijawahi kuachana.

Kwenye theluji kulikuwa na nyayo. Zilianzia shinani. Za mwanamume, ndefu, sawasawa, hazichechemei. Ubavuni mwake za mwanamke, fupi, zimebanana na zake kama za watu walioshikana mikono. Zilikwenda mpaka katikati ya uwazi wa msituni, zikaishia hapo. Mbele ya hapo theluji ilikuwa safi.

Niliinama. Buti la kulia la yule mwanamke lilikuwa na kisigino kilicholika upande wa ndani. Nilikijua kisigino kile: kilikuwa cha mama mdogo.

Nilishuka mbio. Mama mdogo alikuwa jikoni, amenipa mgongo, anaosha bakuli. Bila kugeuka aliniuliza mbona nimekawia, akaniambia niingie nipashe mikono moto.

Nilimjibu nikiwa mlangoni, macho yangu kwenye buti zake: kisigino kilicholika kilikuwa cha kushoto. Sikuvuka kizingiti.