Mahame Yaliyopaliliwa

"Kware, hapa Mlima. Una dakika arobaini. Ova."

"Nimekupata. Ova."

Jovina alizima simu ya upepo, akaiacha Land Rover nyuma ya zahanati ya kijiji, akaingia porini kwa miguu. Bastola ya Makarov kiunoni. Saa ya Seiko mkononi. Saa tisa na dakika ishirini mchana, Januari 1979.

Saa kumi kamili, mtu fulani hapa Nyamigogo angewatajia adui saa ambayo malori ya jeshi letu yangevuka daraja kuelekea Bukoba.

Malori ishirini. Vijana mia sita.

Alipita hame moja baada ya jingine. Tangu Operesheni Vijiji ihamishe watu, nyasi zilikuwa zimemeza kila kaya.

Ghafla akasimama.

Migomba mbele yake ilikuwa imepogolewa. Machipukizi yamepunguzwa, nyasi kavu zimetandazwa shinani.

Hapa hapakuishi mtu.

Akachomoa bastola. Katikati ya shamba aliketi mzee mwenye koti kuukuu, mtambo wa redio magotini. Alikuwa Privatus, mtwale aliyetawala vilima viwili hadi uchifu ulipofutwa. Siku hizi alipanga foleni ya sukari kama wengine.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba, mwanangu. Umejuaje niko hapa?"

"Migomba yako. Mtu anayejificha hapogoi."

"Ningeiachaje?"

Hakuficha kitu. Adui walimwahidi cheo chake na kilima hiki, chenye makaburi ya wazazi wake. Kama ni kufa, afie hapa. Kidole hakikutoka kwenye swichi.

Jovina angeweza kufyatua. Badala yake alimrushia barua aliyopewa na wakubwa zake, iliyokamatwa mpakani Rusumo, yenye muhuri wa adui anaoujua mzee. Kilima hikihiki kilikuwa kimeahidiwa Kazimili, mtwale wa ng'ambo ya mto, hasimu wake wa miaka thelathini.

Mzee aliisoma mara mbili.

"Kazimili hajui hata kupogoa," alisema.

Akachomoa betri moja moja, akazilaza kwenye nyasi.

Saa kumi ikapita kimya. Malori yakavuka.

"Nitarudi huku?"

"Sidhani, baba."

Aliomba jambo moja tu: asipitishwe kijijini akiwa na pingu. Jovina akarudisha Makarov kiunoni, akajitwika mtambo.

Kwa hiyo watu wa kijiji walimwona mtwale akitangulia, na binti akimfuata nyuma na mzigo, kama zamani. Kina mama wawili waliokuwa wakianika mihogo wakapiga magoti.

Mzee akawaitikia kwa mkono.

Jovina alimfungulia mlango wa Land Rover. Akawasha injini, akaondoka polepole.