Shuka ya Bibi Kandambili

"Mwizi mkubwa we!"

"Nani mwizi? Rudia, dada, rudia mbele ya askari!"

"Wewe hapo! Ulimwibia mama akiwa hai, ukaona haitoshi. Amezikwa, bado unamwibia!"

"Mimi nimeitwa, nimeingia humu nyuma ya Inspekta. Hiyo shuka ningeificha wapi, kwenye soksi?"

Inspekta akaingiza bega katikati yao. Dada mwenyewe alikuwa fundi cherehani, na mkasi ulikuwa mkononi.

"Weka chini hicho kitu," alisema. "Na wewe mwandishi, kaa. Usiguse ukuta."

Ukutani ilibaki fremu kubwa ya mbao, kitambaa cheupe ndani, hakuna kingine. Jana palikuwa na shuka kuukuu iliyochorwa mji mzima: minara, mito, mfalme asiyepata usingizi, merikebu zenye umbo la kandambili. Aliyekuwa nayo ni marehemu mama yake fundi. Watoto wa mtaani walimwita Bibi Kandambili. Aliandika kitabu kimoja tu cha watoto kuhusu huo mji. Hakikununuliwa, panya ndio waliokimaliza. Alipokufa, mwandishi huyu mwenye jina akatoa chake, na merikebu za kandambili zimo. Kikauzwa mpaka basi. Fundi akamshtaki.

Kesi inaanza kusikilizwa kesho. Leo mtaalamu wa maandishi wa mahakama alikuwa aje kuichukua shuka achunguze ni mkono wa nani. Sasa shuka haipo, na dirisha limevunjwa.

Simu ya Inspekta ikalia tena mfukoni. Mkuu wake. Hakupokea. Waandishi wa habari walikuwa wamejaa getini. Leo jioni lazima mtu mmoja aondoke na jina chafu, na yeye ndiye wa kumtaja. Akikosea, hakuna wa kulisafisha.

"Jana jioni ulikuwa wapi?" akamuuliza mwandishi.

"Nyumbani."

"Na nani?"

"Peke yangu. Nina mke, lakini hanisemeshi tangu kesi ianze."

"Shuka ulishaiona?"

"Kwenye picha ya gazeti."

"Kabla ya hapo?"

"Si nimeshajibu?"

Hujajibu, Inspekta alisema moyoni. Akageukia fremu.

Konstebo alikuwa anapaka unga wa alama za vidole. "Mkuu, vidole vya fundi vimejaa kila mahali."

"Ni kwake, ulitaka viwe vya nani?"

Akainama. Shuka ilikuwa imeshonewa kwenye kile kitambaa cheupe, pande zote nne. Mwizi wa kuvunja dirisha anakuja na kisu. Anachana, anakunja, anakimbia. Huyu hakuchana. Alikata mshono mmoja mmoja, akavuta nyuzi, kitambaa hakikuchanika popote. Kwenye pembe moja matundu ya sindano yalikuwa mengi zaidi. Pale shuka ilikunjwa ndani kwanza, ndipo ikashonwa. Kuna kitu mtu alitaka kisionekane.

"Fundi, nguo ya mteja ikikosewa, unaichana?"

"Nichane nguo ya watu? Nafumua."

Alijibu haraka. Kisha akaitazama fremu.

Inspekta akaingia chumba cha pili, cherehani ilipokuwa. Vipande vya vitambaa, uzi, meza ya kupigia pasi. Meza zote za mafundi zina alama za kuungua. Hii ilivikwa kitambaa kipya, kisafi, na juu ilikuwa nene kama godoro. Akaibonyeza.

"Hapo kuna mablanketi tu," fundi alisema mlangoni.

"Fumua."

"Inspekta, nakuomba."

"Fumua wewe, dada yangu. Mimi nitachana."

Fundi akafumua. Chini ya blanketi ilitoka shuka, imekunjwa vizuri. Pembeni, kwenye ile sehemu iliyokuwa imefichwa, palikuwa na muhuri wa hospitali, wodi ya watoto. Chini yake, mwandiko mbovu wa kitoto: *Nimechora mimi. Mama asiongeze kitu.*

Inspekta akautazama mji upya. Minara ile ilikuwa miguu ya vitanda. Merikebu zilikuwa kandambili za wauguzi. Mchoraji alikuwa amelala, anachungulia chini.

"Nani huyu?"

"Kaka yangu." Fundi akakaa sakafuni. "Alifia wodini, mimi sijaanza hata shule. Mama alisema hadithi ni yake yeye. Maisha yangu yote alisema hivyo! Nilifumua pembe juzi, nione huyo mtaalamu atakuta nini. Nikakuta hicho."

"Ukavunja dirisha lako mwenyewe."

"Nimevunja mimi."

"Kwa nini usiifute kesi?"

"Nimeshamtukana huyu kwenye magazeti yote! Wangeuliza kwa nini naacha. Wangejua mama alimwibia mtoto wake mgonjwa. Bora aonekane mwizi yeye kuliko mama."

Mwandishi alikuwa ameshaingia, hakuna aliyemwita. Alikuwa amepiga magoti, kidole juu ya kandambili moja, hajaigusa.

"Hii ilikuwa ya muuguzi mnene," alisema. "Tulikuwa tunamwita Kapteni."

"Mlikuwa nani?" Inspekta akauliza.

"Kitanda changu kilikuwa jirani na chake. Mji tuliucheza wote, lakini yeye ndiye aliyeubuni. Mimi nikapona."

"Tangu nikushtaki hukusema!" fundi akadakia.

"Ningesemaje? Na mimi kitabuni jina lake sikuliweka." Akafuta macho kwa mkono wa shati. "Niliandika *hadithi yangu*, kubwa, kwenye jalada."

Fundi akamtazama. Alitarajia kumchukia, ikashindikana. Akamgeukia Inspekta.

"Kesho utasema mahakamani?"

"Nitasema. Kwamba umetoa taarifa ya uongo polisi, nayo nitaisema."

"Na mama?"

"Yote. Mama yako alimficha kaka yako, huyu akamficha, na wewe umemshonea chini ya pasi."

Fundi akasimama, akakunguta nyuzi magotini, akageuka, akatoka kuelekea getini kwenye kelele za waandishi wa habari, awaambie mwenyewe.