Nafasi ya Bohumír

Jumapili moja ya Novemba, baada ya chakula cha mchana, Hedvika alimwachia mama mkwe wake kichanga, akaenda kutazama sinema kwenye ukumbi wa chama cha mazoezi cha Sokol. Mumewe Bohumír alikufa kwa homa ya mapafu kabla ya tamasha la mazoezi la kiangazi kule Praha, lile lililopigwa sinema hiyo, na kabla mtoto hajazaliwa. Tangu hapo Hedvika hakutaka kitu wala hakukataa kitu. Hata machozi hayakuja.

Wanachama wenzake Bohumír walikuwa wema. Kwenye tamasha walikataa kumweka mtu mwingine mahali pake katika safu. Alama ambayo angesimama, kwenye uwanja wa mchanga wa manjano, iliachwa wazi, maelfu wakainama na kuinuka pembeni yake. Sasa Ndugu Otakar, kiongozi wao, alimwekea Hedvika kiti karibu na jiko, akamtia mkononi andazi la mbegu za popi.

"Kula, dada. Hata miguu ya ile piano ina nyama kukushinda."

Alitafuna bila kusikia ladha.

Taa zikazimwa. Kwenye shuka lililotundikwa ukutani, wanaume waliovaa nyeupe waliinua mikono kwa pamoja. Otakar akamwonyesha safu yao, alione pengo.

Pengo halikuwepo.

Pale alisimama mtu. Wote waliinama. Yeye hakuinama.

"Mlimweka nani?" Hedvika alinong'ona.

"Hatukumweka mtu, dada."

Piano iliyosindikiza picha ikanyamaza. Yule mtu akageuka, akapita katikati ya safu. Hakuna aliyempisha. Akaja mbele, mpaka uso ukaonekana. Ulikuwa uso wa Bohumír, kama siku ile kitandani akikata roho, alipomshika mkewe tumbo na kuapa kwamba lazima atamwona mtoto wake.

Hedvika alimtazama kama mtu anayetazama mvua dirishani.

Kisha Bohumír akatoka nje ya picha.

"Mtoto," Hedvika alisema.

Otakar alimfunika koti lake, wakakimbia kwenye matope meusi.

Nyumbani, mama mkwe alikuwa akisinzia kitini. Akafumbua jicho. "Kumbe ndiyo kwanza unaingia? Nilidhani ni wewe uliyekuwa unambembeleza."

Kitanda cha mtoto kilikuwa bado kinabembea. Mtoto alikuwa mzima, mikono yote miwili ameinyoosha juu.

Sakafuni palikuwa na nyayo mbili za mchanga wa manjano, mkavu, visigino vimegusana.

Hedvika alipiga magoti, akaugusa ule mchanga.

Ulikuwa na joto la jua.