Mpangaji wa Chumba cha Uani

Nyakallo akitoka shule alipita kwanza chekechea kumchukua mdogo wake, Katleho. Wakifika nyumbani alimvua viatu, akampashia ugali, akaosha vyombo, ndipo akafungua vitabu vyake. Mama alikuwa msimamizi wa makeshia katika duka kubwa mjini Bloemfontein na hakurudi kabla ya jua kuzama. Baba aliendesha lori la mizigo kwenda Cape Town na kurudi. Alikaa nyumbani siku mbili, akawa barabarani tano, na kila asubuhi Katleho alimuuliza mama kama leo ndiyo siku ya baba.

Nyumba yao, pembezoni mwa Mangaung, waliinunua mwaka uliopita kwa mkopo wa benki. Ilikuwa na vyumba viwili vya kulala, jiko na sebule ndogo. Uani kulikuwa na chumba kimoja cha matofali chenye mlango wake. Humo alipanga dada Selloane, msichana kutoka Mafeteng, ng'ambo ya mpaka, aliyefanya kazi kwenye kiwanda cha mikate. Alitoka alfajiri, akarudi mchana, akalala. Hakupiga redio, hakuleta wageni. Kila Ijumaa alimletea Katleho mkate uliopinda ambao kiwanda hakikuweza kuuuza.

Nyakallo hakuwa na ugomvi naye. Alitaka chumba tu. Alikuwa na miaka kumi na mitatu, na bado alilala kitanda kimoja na mtoto wa miaka mitano aliyepiga mateke kama punda.

"Refiloe ana chumba chake," alimwambia mama, akimtaja rafiki yake wa nyumba ya tatu.

"Refiloe ni mtoto wa pekee."

"Na chumba cha uani?"

"Kina mtu."

"Je, akihama?"

"Akihama tutatafuta mwingine. Kodi yake inasaidia nyumba. Chukua ufagio."

Mama hakueleza zaidi ya hapo.

Mwezi wa Juni baridi ya Mangaung inauma mpaka kwenye meno. Refiloe alizoea kuja mchana. Walikuwa wakichomeka hita, wakajifunika blanketi moja kwenye kochi na kutazama video kwenye simu ya Refiloe hadi karibu na saa ya mama kurudi. Nyakallo alijua hita hairuhusiwi. Alijiambia ni nusu saa tu. Haikuwa nusu saa hata siku moja.

Alhamisi moja jioni mama alikuwa amebandika sufuria, umeme ukakatika. Mama alimulika mita kwa simu. Uniti zilikuwa zimekwisha.

"Nimenunua Jumatatu," mama alisema. "Za wiki mbili! Nani kazinywa?"

Hita ilikuwa nyuma ya kochi, bado ina vuguvugu. Nyakallo alijisogeza mbele ya kochi.

"Ni dada Selloane," alisema. "Anawasha hita mchana kutwa."

"Umemwona kwa macho yako?"

"Dirishani, mama. Ana jiko la umeme pia."

Uongo wa kwanza ulimtoka kwa hofu. Wa pili ulitoka wenyewe, kwa sababu tayari alikuwa anakiona chumba kile kikiwa na kitanda chake.

Mama alikuwa mtu wa kumaliza jambo siku hiyo hiyo. Mara nyingi hiyo ni sifa nzuri. Siku hiyo haikuwa. Alitoka na taa ya simu, akagonga mlango wa uani.

"Selloane, tulikubaliana nini kuhusu umeme?"

"Taa na birika, mama."

"Na hita?"

"Sina hita, mama Nyakallo. Ingia utafute."

"Hita inafichika."

"Kwa hiyo mimi ni mwizi, na pia ni mwongo." Selloane alimtazama Nyakallo aliyesimama mlangoni pa jiko. "Basi mwisho wa mwezi nahama. Siwezi kulala pahali ninapohesabiwa pumzi."

Alihama Jumamosi ya mwisho wa Juni, kwa pikapu ya binamu yake. Kabla ya kuondoka alifagia chumba na kupangusa dirisha. Alimkabidhi mama ufunguo, akasema, "Kaeni salama. Sasa uniti zenu zitadumu."

Majirani walisimama malangoni kutazama. Jioni hiyo mtaa mzima ulijua kwamba mpangaji wa akina Nyakallo alikuwa anaiba umeme.

Mama alitangaza chumba, lakini Julai watu wengi wana vyumba tayari. Nyakallo aliomba alale humo kwanza, na mama akakubali.

Furaha yake haikumaliza wiki. Ijumaa Katleho alikaa langoni akisubiri mkate wake.

"Dada Selloane amechelewa leo," alisema.

"Hatakuja, Katleho."

"Amekasirika na mimi?"

"Hapana. Si wewe."

"Basi na nani?"

Nyakallo alimshika mkono, akamwingiza ndani.

Hita hakuigusa tena. Refiloe alilalamika kwamba nyumba yao imekuwa friji, akaacha kuja. Kwa hiyo uniti kweli zilidumu, na hapo ndipo mambo yalipozidi kuwa mabaya. "Unaona?" mama alisema akitazama mita. "Tangu yule msichana aondoke, umeme hauishi. Ulifanya vizuri kuniambia." Nyakallo aliinamisha kichwa, akajifanya anafunga kamba ya kiatu. Alisifiwa kwa uongo wake, na kila siku aliyokaa kimya bila kuwasha hita, uongo huo ulizidi kufanana na ukweli.

Baba alirudi Jumamosi ya mwisho wa Julai. Asubuhi mama alikaanga magwinya, yale maandazi manene ya duara, wakakaa mezani wote wanne.

"Nimekubali safari za Lusaka," baba alisema.

Nyakallo aliweka kikombe chini. "Si ulisema hutaki Lusaka? Ulisema lori linakaa mpakani mpaka dereva anaota ukungu."

"Nilisema. Nitakuwa nikikaa huko wiki tatu, narudi siku nne. Ila wanalipa zaidi."

"Lusaka ni mbali kuliko Cape Town?" Katleho aliuliza.

"Kidogo, mwanangu."

"Si kidogo," mama alisema. "Usimdanganye mtoto, Sechaba."

"Lakini kwa nini?" Nyakallo aliuliza. "Mshahara wako na wa mama hautoshi kulipa benki?"

"Unatosha kuilipa. Hautoshi kumaliza deni lake mapema." Baba alivuta sahani, akahesabu magwinya tisa katikati ya meza. "Tuseme haya ndiyo tunayopeleka benki kila mwezi. Ni randi elfu nne na mia tatu na kitu. Unadhani ni mangapi yanayopunguza deni?"

"Yote."

Mama aliguna. Baba akakokota magwinya manane upande wake. Likabaki moja.

"Baba, usile yote!" Katleho alipiga kelele.

"Si mimi, ni benki. Haya manane ni riba, bei ya kukaa na pesa ya wenyewe. Hili moja ndilo linalopunguza deni. Deni likipungua, na riba inapungua, ila kwa mwendo wa kobe. Tukienda hivi miaka ishirini yote, nyumba hii ya laki nne na elfu ishirini tutakuwa tumeilipia zaidi ya milioni moja."

"Milioni? Si nyumba mbili hizo?"

"Mbili na nusu," mama alisema. "Na tunaishi katika moja."

Aliinuka, akachota magwinya matatu mengine kwenye karai na kuyaweka kando ya lile moja. "Haya matatu ni kodi ya Selloane. Benki ilikuwa imeshachukua riba yake, kwa hiyo yote yalikwenda kupunguza deni. Sasa hesabu."

"Manne," Nyakallo alisema kwa sauti ndogo.

"Manne badala ya moja, kila mwezi. Kwa mwendo huo tungemaliza baada ya miaka tisa. Katleho angekuwa na kumi na minne. Baba yako angeacha barabara, atafute kazi ya hapa mjini, hata ya mshahara mdogo. Hiyo ndiyo ilikuwa mipango yetu."

"Na bila kodi?"

"Miaka kumi na sita na zaidi, kwa kuwa kodi aliyokwisha kulipa imepunguza deni kidogo," baba alisema. "Ndiyo maana ya Lusaka, kuziba hilo pengo."

"Katleho atakuwa na ndevu," mama alisema.

Katleho alijipapasa kidevu. "Mimi nataka baba kabla ya ndevu," alisema.

Nyakallo alitazama mikono ya baba, iliyokuwa na weusi wa grisi usiotoka hata kwa sabuni. Hakuwa amejua kodi ile ilikuwa inafanya nini. Lakini alijua Selloane hana hita. Hilo alilijua tangu mwanzo.

"Hita ilikuwa yangu," alisema.

"Nini?" mama aliuliza.

"Ni mimi na Refiloe. Kila siku, mchana. Dada Selloane sikumwona na kitu. Niliogopa, halafu nikakitaka chumba." Alimgeukia baba. "Baba, usiende Lusaka. Tafadhali."

Baba alifumba macho. Mama alizima jiko, akafunika karai, akavua aproni.

"Vaa koti."

"Tunaenda wapi?"

"Unajua tunakokwenda."

Binamu yake Selloane aliishi mtaa wa Phahameng, katika nyumba ndogo yenye watoto watatu. Selloane alikuwa analala jikoni, chini, na godoro lake lilikuwa limeegemezwa ukutani. Alipowaona hakuwakaribisha kukaa.

"Mmekuja kutafuta hita?" aliuliza.

Mama alimsukuma Nyakallo mbele kidogo.

"Hita ilikuwa yangu, dada," Nyakallo alisema. "Nilidanganya. Nisamehe."

"Sema kwa sauti. Binamu yangu naye asikie. Yeye ndiye anayeulizwa hapa kwa nini nimefukuzwa."

Nyakallo alirudia kwa sauti. Binamu alishika kiuno, akatikisa kichwa. "Na kiuso chake cha kanisani!" alisema.

"Umekaa nalo mwezi mzima," Selloane alimwambia Nyakallo.

"Ndiyo, dada."

"Ulilala vizuri?"

"Hapana."

"Mimi pia. Sakafu ni baridi." Selloane akamgeukia mama. "Na wewe, mama Nyakallo. Nilikuambia ingia utafute. Kwa nini hukuingia?"

"Nilipaswa kuingia," mama alisema. "Nimekukosea. Nisamehe."

Nyakallo hakuwahi kumsikia mama akimwambia mtu mwingine neno hilo.

"Chumba bado kiko wazi," mama aliendelea. "Na tunakuhitaji. Nakwambia wazi, kodi yako ndiyo inayotupunguzia deni la nyumba."

Selloane alitazama godoro lake pale ukutani. "Nitarudi kwa mambo mawili. Wekeni mita ndogo ya chumba changu, kila mtu aone umeme wake. Na mtaa wenu ujue ukweli. Sitarudi kuitwa mwizi nikienda kununua sukari."

"Mita nitaiweka mimi," mama alisema. "Mtaa ni wa huyu."

Mchana huo Nyakallo alipita lango kwa lango. Alifikiri nyumba ya kwanza ndiyo ingekuwa ngumu kuliko zote, lakini kila moja ilikuwa ngumu kama ya kwanza. Mzee mmoja alimwambia arudie, kwa kuwa hakuamini masikio yake. Mama yake Refiloe alimsikiliza hadi mwisho, kisha akageukia ndani ya nyumba, akaita, "Refiloe! Kumbe hita ya watu ilikuwa inakupasha na wewe? Njoo hapa, umsindikize mwenzako nyumba zilizobaki!"

Jumatatu baba alimpigia simu bosi wake na kumwambia atabaki njia ya Cape Town. Bosi alifoka, lakini Lusaka ilikuwa na madereva wengine walioitaka.

Selloane alirudi mwanzoni mwa Agosti. Nyakallo alikuwa ameshahamisha vitu vyake na kurudi kwenye kitanda cha mateke. Pikapu ilisimama langoni, yeye na mama wakashika godoro, mmoja huku na mwingine kule.

"Mama," aliuliza walipofika kwenye kona ya nyumba, "ile kodi ya Julai tumeipoteza tu?"

"Ingekuwa tumeipoteza tu, afadhali. Lile pengo la elfu moja na mia tano litazaa riba mpaka siku ya mwisho ya mkopo. Litakuwa limetugharimu karibu elfu nne."

"Kwa mwezi mmoja?"

"Kwa mwezi mmoja. Mkopo wa nyumba ni mrefu, na kosa la leo unalilipa kwa miaka." Mama alisimama kupumua. "Sisi tulikosea kutokueleza. Tulidhani mambo ya benki si ya watoto, kumbe mnakula nasi meza moja. Sasa unajua. Siku ukikua ukatajiwa bei ya nyumba, usiulize pesa peke yake. Uliza ni miaka mingapi, na ni miaka ya nani. Ya nyumba hii ni ya baba yako, na ulikuwa umemwongezea saba kwa neno moja la uongo."

Nyakallo hakuweza kumtazama. "Nimeelewa, mama."

"Vizuri. Ukikosea tena, na utakosea, niambie siku hiyo hiyo, kosa likiwa bado dogo. Inua upande wako, godoro la mtu linaburuzika."

Nyakallo aliinua.