Kibao cha Fermín

Ilikuwa saa sita mchana, na nje giza totoro kama kawaida ya Julai huku ncha ya kusini ya dunia, Evaristo aliposikia buti zikikung'utwa theluji kwenye kibaraza cha ndani. Mara tatu, vile vile alivyozoea Fermín. Akatazama vibao ukutani. Vyote vilikuwa vyeupe isipokuwa cha Fermín, kilichokuwa chekundu, na Fermín alikuwa ghalani wiki ya tatu sasa, amefungwa turubai, akingoja ndege ya Novemba.

"Nani kachezea kibao cha marehemu?" Baldomero, mpishi, alifoka kutoka jikoni. "Jamani, mzaha una mipaka! Njooni mle, supu inaganda."

Watu wanane walijitetea. Evaristo, fundi wa redio, alichukua bakuli lake akaenda kula peke yake kwenye chumba cha mitambo.

Sheria ya kituo haikuwa na mjadala. Ukitoka, geuza kibao chako kiwe chekundu. Ukirudi, kung'uta buti, kigeuze kiwe cheupe. Vyote vikishakuwa vyeupe, mlango wa nje unapigwa komeo, maana upepo wa kule hung'oa mlango uliorudishiwa tu.

Siku aliyokufa, Fermín alikuwa ametoka kusoma kipimajoto. Evaristo alisikia buti, akanusa maganda ya chungwa ambayo Fermín hakukosa kuyatia kwenye chai yake, na bila kugeuza shingo akanyoosha mkono, akamgeuzia rafiki yake kibao, kumpunguzia kazi. Kisha akapiga komeo. Walimkuta kesho yake nje ya mlango, kucha zimevunjika. Wenzake waliamini alirudi, akatoka tena, akasahau kibao. Evaristo aliwaacha waamini. Tangu hapo alikaa na watu tisa nyumba moja, akawa mpweke kuliko aliye kaburini.

Jioni aliita redioni hadi kwao Santiago del Estero, kwa shangazi yake Eduviges, mganga wa waliopagawa. Akamweleza yote, kwa kunong'ona.

"Ulimwona akiingia?" sauti ya shangazi ilikuja ikikwaruza.

"Nilisikia tu, shangazi. Naapa nilisikia buti."

"Basi aliyekung'uta hakuwa Fermín, mwanangu. Ni jini, nalo limeshaonja mtu, litataka mwingine. Kawaambie wenzako kwanza. Umenielewa? Kwanza useme, ndipo utoke ukamwombe marehemu radhi."

"Nitawaangaliaje usoni?"

"Kwanza useme," shangazi alirudia, na redio ikakatika.

Kesho yake, zamu ya kipimajoto ikiwa yake, alisimama jikoni, amevaa tayari.

"Baldomero…"

"Sema, mzee. Mbona umenuna hivyo? Unataka keki?"

Kumwambia mpishi asikiguse kibao chake yeye Evaristo kungemlazimu aeleze kwa nini. Nikirudi, alijiambia, nitasema nikirudi. Akakigeuza chekundu, akatoka.

Alishika kamba iliyofungwa toka mlangoni hadi kwenye kipimajoto, akapiga hatua thelathini gizani, pumzi ikiganda kwenye ndevu. "Fermín," aliita, "nisamehe, ndugu yangu, mimi ndiye niliyekufungia." Akalia waziwazi, machozi yakamgandisha kope, na kwa mara ya kwanza baada ya wiki tatu kifua chake kikawa chepesi, akageuka arudi mezani akawaambie wote, akafurahi hata kwa supu ya Baldomero, na alipokuwa bado hatua kumi kutoka mlangoni, ameshika kamba kwa mikono miwili, akasikia mbele yake, ndani ya kibaraza, buti zikikung'utwa theluji mara mbili, kisha moja ya kuburuza, vile vile alivyozoea yeye mwenyewe.

Kwenye kidirisha chenye mwanga alimwona Baldomero akipita na sufuria, akicheka na mtu nyuma yake, na bila kugeuza shingo akinyoosha mkono kwenye vibao ukutani.

"Usikiguse!" Evaristo alipiga kelele. Upepo ukaibeba sauti yake.

Kisha akasikia komeo.