Ukuta wa Kaskazini wa Timbo la Mjambere

Jua lilikuwa linatua nilipokwenda kwa Bi Mwanarusi kuazima shuka jeupe. Mwaka ule wa 1962 nilikuwa nimemaliza filamu ya wakata mawe wa timbo la Mjambere, na niliwaahidi kwamba wao ndio watakaoiona kwanza. Kazi yangu yote imekuwa hiyo: kuwapiga picha watu wanaoujenga mji bila kutazamwa na mtu.

Nikamwamkia. Akanipa shuka, akaniuliza kama timbo lote limo kwenye picha. Nikamwambia limo. Mama yule hakujua kama ni mjane au ameachwa. Mumewe, Mwinyihaji, aliingia timboni miaka miwili nyuma asionekane tena. Karisa, nyapara wa timbo, alieneza kwamba ametorokea Tanga na mwanamke.

Tulitundika shuka uani kwake. Giza lilipoingia nikawasha mashine ya sinema. Watu wakacheka kujiona, Karisa naye akiwa kwenye kiti cha mbele. Kenga, mkata mawe mmoja, pande la mtu, alijicheka kuliko wote.

Kisha wakanyamaza.

Kwenye picha, wanaume wote walikuwa wameacha kazi. Wamesimama, sururu mikononi, wamegeukia ukuta wa kaskazini. Hata Kenga. Wameinamisha vichwa, kama wanaosikiliza...

Mimi ndiye niliyeshika kamera siku ile. Hawakusimama hata mara moja.

"Hatukufanya vile," Kenga akaninong'oneza.

Harufu ya vumbi la mawe ikajaa uani. Halafu... tok. Tok. Tok.

Filamu ile haikuwa na sauti.

Bi Mwanarusi akainuka taratibu. "Wanamsikia mume wangu," akasema.

Nikazima mashine. Tok... tok. Sasa ilitoka timboni. Tulipomtafuta Karisa, kiti chake kilikuwa kitupu, na pale Mjambere hakuonekana tena.

Kulipokucha wanaume walibomoa ukuta wa kaskazini. Wakamkuta Mwinyihaji, mifupa mitupu, amekaa. Mawe yaliyomziba hayakuwa yameporomoka.

Yalikuwa yamepangwa.

Alizikwa siku ileile, na Bi Mwanarusi akaanza eda. Niliirudia filamu peke yangu: wanaume wanapiga mawe tu, hakuna anayegeuka.

Baada ya maziko Kenga akaja kunichukua. Tukashuka timboni, tukasimama mbele ya lile shimo tupu.

Tok... tok.

Ndani zaidi, nyuma ya pale alipokuwa amekaa marehemu.

"Mwinyihaji tumemtoa," Kenga akasema kwa sauti ya chini. "Huyu ni nani?"

Tukangoja ikome.

Haikukoma.