Sayari za Zamzam

Kila asubuhi, kabla wenye maduka ya Kariakoo hawajafungua milango yao ya chuma, Zamzam alifagia uani kwao mtaa wa Narung'ombe. Zamani walifagia wawili, yeye na dada yake Moza, wakiulizana masomo na kuchekana. Tangu Moza aolewe na kuhamia Tanga, ua ulipoa.

Asubuhi ile Zamzam alifagia huku akitaja sayari. Siku hiyo Mwalimu Abdulmalik angechagua mwanafunzi mmoja wa darasa la sita, atakayezitaja kwa mpangilio, aende kwenye chemsha bongo Upanga. Majina aliyajua yote; mpangilio ndio uliomtoa jasho. Mara Zohali inatangulia Mirihi, mara Dunia inaachwa nyuma. Akauweka ufagio chini, akaazima simu ya mama.

"Shikamoo, Da Moza."

"Marahaba, mdogo wangu. Mbona unataka kulia?"

"Sayari zinanichanganya. Bora nimwambie mwalimu anitoe."

"Usithubutu! Umesahau tulivyokuwa tukifanya? Chukua herufi ya kwanza ya kila jina, utunge sentensi. Tunga mwenyewe, ya kitu unachokijua. Yangu hutaishika."

Zamzam akakaa kizingitini. Z, Z, D, M, M, Z, U, N. Akazikumbuka Ramadhani za nyuma, Moza akipika futari, naye mama akiita kwa sauti ya kutikisa nyumba. Duka lilikuwa nyuma tu ya nyumba yao.

"Zamzam, zunguka dukani, mletee Moza zabibu, ubuyu, nazi!"

Herufi zote zimo, kwa mpangilio! Akacheka peke yake, machozi yakimlenga.

Darasani, mwenzake Taimur alianza kuzitaja vizuri, akairuka Zohali. Zamzam aliposimama, mpangilio ukamchanganya tena. Wenzake wakaanza kunong'ona. Akafumba macho, akaisikia sauti ya mama.

"Zebaki, Zuhura, Dunia, Mirihi, Mshtarii, Zohali, Uranusi, Neptuni."

"Umewezaje?" mwalimu akauliza.

Zamzam alipoitaja sentensi yake, darasa zima likaangua kicheko.

"Nazi tena!" alisema Taimur. "Mwalimu, na mimi natunga yangu."

"Tunga," Mwalimu Abdulmalik akajibu, akitabasamu. "Kukariri tu bila mpango kunachosha kichwa. Jambo jipya lifungeni kwenye jambo mnalolipenda, halitawatoka. Zamzam, utatuwakilisha Upanga."

Zamzam akaketi. Kwa mara ya kwanza tangu ile harusi, kumkumbuka dada yake hakukumuuma.